Kosa la karani lisiwe mzigo wa mwananchi

Wananchi wengi wa Jinja na Mbale wamekuwa wakilipia makosa ambayo hawakuyafanya. Herufi moja iliyokosewa katika kitambulisho cha taifa inatosha kumchelewesha mwalimu mshahara wake au kumzuia mama kusajili laini ya simu.

Itakumbukwa kuwa uandikishaji wa mwaka 2014 ulifanyika parokia hadi parokia, kwa haraka. Sisi tuliosomea ukimbizini tuliumia zaidi. Wazazi wangu walikimbilia Kenya wakati wa vita vya Teso, nami nikafanya mtihani wa darasa la nane Bungoma. Niliporudi nilimkabidhi karani vyeti vyote, lakini akaliandika jina langu alivyolisikia yeye, akanipunguzia na miaka miwili. Nilipolalamika, ofisi moja, ambayo sitaitaja, iliniambia nitafute wakili, niape hati ya kubadili jina na kutangaza katika Gazeti Rasmi la Serikali.

Hapo ndipo penye tatizo. Sheria ya Usajili wa Watu ya mwaka 2015 inatenganisha kubadili jina na kusahihisha kosa la daftari. Anayebadili jina kwa hiari ndiye anayetakiwa kutangaza kusudio lake, siku saba au zaidi kabla ya kuomba. Mimi sijabadili chochote. Nikitia sahihi hati ile, nimekubali kwamba jina la awali nimeliacha. Je, vyeti vya Bungoma vitabaki vya nani? Kiapo kinachonifaa ni cha kueleza kuwa majina haya mawili ni ya mtu mmoja.

Wafanyabiashara nao wasikubali haraka hati hiyo. Tangu 2014 kitambulisho kinatosha kuvukia kwenda Kenya na Rwanda, lakini jina lake lisipolingana na lililo kwenye cheti cha asili ya bidhaa, maelezo huwa marefu pale Malaba au Lwakhakha. Nyanya hazimsubiri wakili.

Mwaka 2022 mashirika ya kiraia, likiwemo ISER, yalifungua kesi Mahakama Kuu Kampala yakilalamika kuwa mfumo huu unawanyima wazee ruzuku ya SAGE, iliyokuwa shilingi 25,000 kwa mwezi, na akina mama huduma za afya. Mzee aliyepunguziwa umri na karani hana ndugu wa kumlipia kiapo.

Zoezi la kufanya upya vitambulisho lilianza Mei 2025. Kosa lisilosahihishwa linahamia tu kwenye kadi mpya. Tunaiomba NIRA izipe ofisi zake za wilaya, Jinja na Mbale zikiwemo, uwezo wa kusahihisha kosa la karani bila malipo, na vyeti vya shule za Kenya vikubaliwe kama ushahidi. Anayekataliwa apewe sababu kwa maandishi, ili awe na barua ya kumwonyesha hakimu.