Uso Unaouzwa

Aprili 10, 2012 umati mkubwa ulifurika viwanja vya Leaders, Kinondoni, kumuaga marehemu Steven Kanumba, aliyefariki dunia siku tatu kabla akiwa na umri wa miaka 28. Wengi wa waombolezaji hao hawakupata kumwona ana kwa ana. Waliujua uso wake katika televisheni na katika makasha ya filamu yaliyotundikwa madukani Kariakoo.

Kipaji cha kijana huyo, aliyeanzia kundi la Kaole, hatukitilii shaka. Lakini kipaji peke yake hakimfanyi mtu nyota. Wenye studio wa Marekani walilitambua jambo hilo mapema. Mwaka 1910 ilivumishwa kwamba mwigizaji Florence Lawrence amekufa. Mwajiri wake mpya, Carl Laemmle, akatangaza magazetini kuwa yu hai, na jina lake likawa midomoni mwa watu. Baadaye studio ya Columbia ilimgeuza Margarita Cansino kuwa Rita Hayworth, hata nywele za penye paji lake zikaondolewa!

Majumba ya sinema ya katikati ya jiji, kama Empire na Avalon, yalituletea nyota waliokwisha kutengenezwa huko Bombay na Hollywood. Wetu walitengenezwa Kariakoo, na mtengenezaji alikuwa msambazaji. Yeye ndiye aliyekuwa na fedha, naye ndiye aliyepima ni uso upi utauzika. Hadithi ilifuata nyuma. Filamu moja ilikatwa sehemu mbili ili mnunuzi alipe mara mbili, na jina lake likaandikwa Kiingereza ili ifanane na za Lagos.

Hatumlaumu mfanyabiashara kwa kutafuta faida. Linalotuudhi ni kwamba filamu nyingi ziliuzwa pamoja na haki zote kwa malipo ya mkupuo, kisha uso ule ule ukaendelea kuuzwa pasipo mwenyewe kuambulia kitu. Watu walimwona nyota kuwa tajiri, naye akalazimika kuvaa na kuendesha gari kama tajiri ili asishuke bei.

Biashara ya diski imedidimia, na leo nyuso hizo zinauzwa kwa njia ya televisheni za kulipia na simu. Kwa hiyo twaitaka Bodi ya Filamu Tanzania, pamoja na COSOTA, isikubali filamu yoyote isiyo na mkataba wa maandishi unaotaja muda wa mauzo na fungu la mwigizaji katika kila mauzo ya baadaye, warithi wake wakiwamo.