Saa ya Ukutani na Saa ya Maji



Mwezi huu tuongee juu ya saa. Utasema: saa ninayo ukutani, kuna nini cha kuongea? Nasi tulidhani hivyo mpaka tulipokaa Saadani, kaskazini ya Bagamoyo, ng'ambo ya mto Wami.

Tulipanga na akina mama wa huko ibada ya maombi kila Jumamosi saa kumi alasiri. Jumamosi ya kwanza walijaa hata mikeka haikutosha. Ya pili wakaja wanne. Ya tatu wakajaa tena. Ya nne, wawili tu, na mmoja alikuwa akipita njia. Tukaanza kunong'onezana kwamba akina mama hawa ni vuguvugu. Tena, Mungu atusamehe, jambo hilo tulilitaja katika maombi, wenyewe wakisikia. Ndipo bibi mmoja akatuuliza kwa upole: "Wanangu, hizo Jumamosi mlitazama maji?"

Hatukuwa tumetazama. Bahari haifuati saa ya ukutani, inafuata mwezi. Kila siku maji huchelewa kama dakika 50 kuliko jana. Yakijaa leo saa kumi alasiri, kesho yatajaa karibu na saa kumi na moja, na baada ya juma moja saa kumi ile ile utakuta yamekupwa. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu huja bamvua, maji makubwa, ambayo katika pwani yetu hupanda na kushuka zaidi ya mita 3. Katikati ya bamvua mbili huja maji mafu. Siku za bamvua pwani hii hukupwa mnamo saa nne asubuhi na kujaa mnamo saa kumi alasiri. Basi Jumamosi ya bamvua, saa kumi yetu ya maombi ilikuwa saa ya vyombo kuingia. Mama anayenunua samaki ili auze, watoto wale, aliyaacha maombi yetu akaenda kupokea vyombo. Sisi tulimwita vuguvugu!

Nusu ya mwezi wa angani ni siku 14 na robo tatu hivi, si 14 kamili. Kwa hiyo, baada ya miezi minne hivi, Jumamosi zilizokuwa za bamvua zinageuka kuwa za maji mafu. Kanuni ya "juma hili ndiyo, juma lijalo hapana" nayo haidumu. Akina mama wale walichukua kalenda ya ukutani, wakazungushia duara siku ya mwezi kuandama na siku ya mwezi mpevu, na pembeni wakaandika saa ya maji kujaa. Wanaolima mwani kule Mlingotini, kusini ya mji wa Bagamoyo, nao hushinda shambani siku za bamvua, maji yanapokimbia mbali.

Wazee wa pwani wana hesabu nyingine tena, ya nairuzi, ambayo mabaharia na wakulima waliifuata kujua kaskazi, kusi na mvua. Mwaka wake una siku 365: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Kwa kuwa hauna mwaka mrefu wa siku 366, kila miaka minne hutangulia kalenda yetu kwa siku moja, na kila miaka 40 kwa mwongo mzima. Mama mkwe akikuambia kwamba enzi zake mwongo huo ulikuwa wa kupanda, usimbishie. Alihesabu sawasawa, ila mwongo wenyewe umesogea.

Sasa tuje kwenye jambo lililotufanya tushike kalamu, nalo ni mimba. Wengi wetu tumefundishwa kuhesabu miezi tisa ya angani. Miezi hiyo ni siku 266 hivi, na ni kweli ndiyo muda tangu mimba kutunga. Kliniki huanza kuhesabu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, ikafikia siku 280, yaani majuma 40. Lakini mama akianza kuhesabu pale hedhi ilipokosekana, tayari ameacha majuma manne. Akitimiza miezi yake tisa atakuwa juma la 42, naye anajiona ndiyo kwanza amefika! Mimba iliyochelewa hivyo ina hatari kwa mtoto, wala haifai kuisubiri nyumbani. Mwenye safari ya kwenda hospitali kwa chombo au kwa barabara ya masika hana siku za kupoteza. Andika tarehe ya hedhi kwenye kalenda kila mwezi, hata kama hutarajii kitu. Kama unaona haya mbele ya watoto, weka nukta tu. Kwenye kalenda za Saadani tuliona nukta hizo kando ya maduara ya mwezi.

Akina mama wakatuuliza pia juu ya Pasaka ijayo. Kanisa huiweka Jumapili inayofuata mwezi mpevu wa kwanza kuanzia Machi 21, kwa hiyo kwa hesabu hiyo mwezi mpevu huangukia ndani ya Juma Kuu daima, na bamvua huwa papo hapo. Ibada ya Ijumaa Kuu tukataka kuiweka saa tisa alasiri kama tulivyozoea. Bibi yule akaomba kwanza tumletee kalenda.