Paja la Kuku na Sheria ya Bunge

Iko hoja moja ambayo mabingwa wa biashara huria hawachoki kuirudia, nayo ni kwamba nchi maskini inayonunua kuku waliogandishwa kutoka ng'ambo inafaidika, kwa sababu mlaji wake anapata nyama kwa bei nafuu. Anayethubutu kuipinga hoja hiyo huambiwa kwamba hajui uchumi, au kwamba anataka kumwumiza mnyonge wa mjini ili amtetee mfugaji mvivu. Hoja yenyewe imevikwa joho la huruma. Lakini wanaoihubiri hawapendi kuulizwa swali ambalo hata mwanafunzi wa shule ya msingi angeliuliza: imewezekanaje kuku aliyekuzwa katika jimbo la Arkansas nchini Marekani achinjwe, akatwe vipande, agandishwe, avushwe Bahari ya Atlantiki ndani ya kontena la baridi, na bado paja lake liuzwe Accra kwa bei ya chini kuliko kuku aliyefugwa maili chache kutoka sokoni?

Jibu wanalolitoa ni ustadi. Wanasema kwamba mfugaji wa Marekani, wa Brazil au wa Ulaya ana mashine bora, vifaranga bora na chakula rahisi. Hayo ni kweli, lakini ni nusu tu ya kweli, na nusu ya pili ndiyo yenye siri. Mlaji wa Marekani na wa Ulaya ya Magharibi anapenda kidari cha kuku kuliko sehemu nyingine, naye yuko tayari kukilipia bei kubwa. Mwenye kiwanda akishauza kidari hicho amekwisha kurudisha sehemu kubwa ya gharama zake zote, kuanzia kifaranga hadi kisu. Mapaja, migongo na shingo zinazobaki ni mzigo ghalani. Akipata mnunuzi kwa bei yoyote inayozidi gharama ya kugandisha na kusafirisha, hiyo ni ziada mkononi mwake. Kwa hiyo bei ya paja hilo haitokani na gharama ya kulizalisha. Mfugaji wa Ghana, kwa upande wake, anauza kuku mzima, na hana tajiri mahali pengine aliyekwisha kumlipia kidari. Kuwashindanisha wawili hawa na kumwita mmoja mvivu ni kiini macho.

(Katika nyumba nyingi za Waswahili paja ni la mgeni na firigisi ni ya baba. Huenda ndiyo sababu watu wa pwani ya Afrika Mashariki hupata taabu kuamini kwamba yako mataifa ambayo paja la kuku ni kitu cha kutafutiwa pa kukitupa.)

Biashara hiyo haikuanza na Afrika. Mwaka 1990 Rais George Bush wa Marekani na Mikhail Gorbachev wa Urusi ya Kisovyeti walikubaliana kuhusu mauzo ya mapaja ya kuku, na watu wa Moscow wakayabandika jina la "miguu ya Bush". Kwa miaka mingi Urusi ikawa jaa kubwa kuliko yote la mapaja ya Marekani. Jambo la kukumbukwa ni kwamba mwaka 2003 serikali ya nchi hiyo iliamua kuweka kiwango maalumu cha kuku wanaoweza kuingizwa kila mwaka, ili viwanda vyake vya kuku vipate nafasi ya kukua. Washington ilinung'unika, lakini kiwango kilibaki. Mwaka 2014, Urusi ilipofunga kabisa mlango kwa kuku wa Marekani na wa Umoja wa Ulaya kutokana na ugomvi wa Ukraine, ilikuwa tayari inazalisha sehemu kubwa ya kuku wake.

Mwaka huohuo wa 2003 Ghana nayo ilijaribu kufanya jambo dogo kuliko hilo, na yaliyoipata yanastahili kusomwa kwa makini na kila mtumishi wa Serikali na kila mwalimu wa uraia.

Ufugaji wa kuku wa kisasa nchini Ghana ulianza kujengwa katika miaka ya 1960, wakati wa Kwame Nkrumah, ili nchi iweze kuwalisha watu wake wa mijini. Wafugaji wa Kumasi, wa Dormaa na wa pembezoni mwa Accra waliutegemea mpango huo, na nyuma yao walikuwapo wakulima wa mahindi, wasagaji wa chakula cha kuku, watotoleshaji wa vifaranga na wanawake waliochinja na kunyonyoa sokoni. Halafu ukaja mpango wa kurekebisha uchumi, ulioanza mwaka 1983 chini ya jicho la Shirika la Fedha la Kimataifa na Benki ya Dunia. Misaada kwa wakulima ikaondolewa, ushuru wa forodha ukapunguzwa, riba za mikopo zikapanda. Takwimu zilizotajwa sana katika mjadala wa baadaye zilisema kwamba mwaka 1992 wafugaji wa nyumbani walitosheleza asilimia 95 ya soko la kuku la Ghana, na kwamba kufikia mwaka 2001 sehemu yao ilikuwa imeshuka hadi asilimia 11. Hata anayezitilia shaka hesabu hizo hawezi kuukana mwelekeo wake: ulionekana wazi katika maghala ya baridi ya bandari ya Tema, na katika mabanda matupu ya Dormaa.

Wafugaji wakalia, na Bunge likawasikia. Mwaka 2003 lilipitisha Sheria Namba 641, iliyopandisha ushuru wa kuku wanaoingizwa nchini kutoka asilimia 20 hadi 40, na ule wa mchele kutoka asilimia 20 hadi 25. Hapakuwa na uvunjaji wowote wa ahadi za kimataifa. Katika Shirika la Biashara Duniani, Ghana ilikuwa na haki ya kutoza ushuru wa mazao ya kilimo hadi asilimia 99. Nchi ilikuwa imetumia chini ya nusu ya haki yake yenyewe.

Idara ya Forodha ilianza kutoza ushuru mpya. Wiki chache baadaye ikaagizwa iache. Hapakuwa na muswada mpya, wala mbunge hakuombwa kuinua mkono. Katika makubaliano yake na Shirika la Fedha la Kimataifa, Serikali iliahidi kwamba ongezeko hilo halitatekelezwa, na kwa ahadi hiyo sheria iliyopitishwa na wawakilishi wa wananchi ikawekwa kabatini. Hoja iliyotolewa kukitetea kitendo hicho ilikuwa ileile ya huruma, kwamba walaji maskini wasipandishiwe bei.

Chama cha wafugaji wa kuku kilikwenda mahakamani. Mwezi Machi 2005 Mahakama Kuu ilitamka kwamba Serikali haikuwa na haki ya kuacha kuitekeleza sheria hiyo. Lingekuwa jambo la kawaida kutazamia kwamba baada ya hukumu hiyo ushuru ungetozwa. Serikali ilirudi Bungeni, na mwaka huohuo wa 2005 Bunge lilelile likaifuta sheria lililoitunga.

Hapa ndipo mjadala wa bei nafuu unapojitenga na ukweli wa mambo. Mwalimu anapoingia darasani hufundisha kwamba Bunge hutunga sheria, Serikali huitekeleza na Mahakama huitafsiri. Nchini Ghana vyombo vyote vitatu vilikuwapo, vikiwa na majengo yao na majoho yao, lakini kauli ya mwisho juu ya bei ya paja la kuku ilitoka mahali ambapo hakuna Mghana aliyewahi kupiga kura. Ofisa wa forodha aliyekuwa akitoza asilimia 40 asubuhi akarudishwa kwenye asilimia 20 hakuambiwa ni kifungu gani cha sheria kilichobadilika, kwa sababu hakikuwapo. Anayeona kwamba hayo ni mambo madogo, kwa kuwa yahusu kuku tu, ajiulize ni zao gani litakalokuwa kubwa kiasi cha kustahili kulindwa.

Itasemwa: na mlaji maskini je? Waswahili wana msemo wao, kwamba rahisi huvunja upishi, na Kamerun iliuona msemo huo kwa macho. Mwaka 1996 nchi hiyo iliingiza chini ya tani 1,000 za kuku waliogandishwa. Mwaka 2003 ziliingia zaidi ya tani 22,000. Nyama ya namna hiyo inatakiwa ikae katika baridi ya nyuzi 18 chini ya sifuri tangu kiwandani hadi kwa mnunuzi. Huko ilishushwa bandarini Douala, ikapakiwa katika magari yasiyo na baridi, ikayeyuka njiani, ikagandishwa tena, kisha ikapangwa juu ya meza za soko kwenye jua. Kituo cha Pasteur cha Kamerun kilipopima sampuli za kuku hao, zaidi ya asilimia 80 zilionekana hazifai kuliwa na binadamu. Bernard Njonga na chama cha wananchi cha ACDIC walizichukua habari hizo wakazipeleka sokoni, mashuleni na redioni, mpaka akina mama wakaanza kuwakataa wauzaji. Mwaka 2006 uingizaji ulikuwa umekwisha kupigwa marufuku. Maskini waliokuwa wakitetewa na waagizaji ndio waliokuwa wakipelekwa hospitali.

Wengine walikuwa na tumaini kwamba tatizo lingekwisha siku Ulaya itakapoacha kuwalipa wauzaji wake ruzuku. Ruzuku ya Umoja wa Ulaya kwa kuku wanaouzwa nje ilikoma mwaka 2013, na mkutano wa mawaziri wa Shirika la Biashara Duniani uliofanyika Nairobi mwezi Desemba 2015 ulikubali kufuta ruzuku za namna hiyo kwa mazao ya kilimo. Makontena hayakupungua. Nayo yasingeweza kupungua, maana ruzuku kubwa kuliko zote ni kile kidari kilichokwisha kulipiwa na mlaji wa Ulaya mwenyewe, na hicho hakimo katika mkataba wowote. Visiwani Komoro, ambako sehemu ya kuku inayoingizwa ni vipapatio, bidhaa hiyo imezoeleka kiasi kwamba neno "mabawa" likitajwa sokoni hakuna anayefikiria ndege arukaye.

Hata taifa lenye nguvu kuliko Ghana halikuachwa. Afrika Kusini iliweka ushuru dhidi ya mapaja ya Marekani mwaka 2000, kwa hoja hasa kwamba yanauzwa chini ya gharama. Mwaka 2015, katika mazungumzo ya Paris, ilibanwa ikakubali kuingiza tani 65,000 kila mwaka bila ushuru huo, na mwanzoni mwa mwaka 2016 Marekani ilitishia kuyaondolea mazao ya kilimo ya nchi hiyo nafuu za mpango wa AGOA endapo mapaja yangeendelea kuchelewa. Mvinyo na machungwa yakawekwa rehani kwa ajili ya paja la kuku. Mwezi Mei 2025 mafua ya ndege yalipozuka katika shamba moja la kibiashara huko Montenegro, kusini mwa Brazil, Afrika Kusini ilisimamisha uingizaji kutoka huko, na papo hapo watengenezaji wa soseji za bei rahisi wakapiga kelele, kwa sababu ile nyama inayokwanguliwa mifupani kwa mashine, ambayo ndiyo malighafi yao, karibu yote ilitoka Brazil.

Hata hivyo, isidhaniwe kwamba kufunga mlango ni kazi yote. Nigeria ilipowapiga marufuku kuku wa nje mapema katika miaka ya 2000, bandari ya Cotonou katika nchi ndogo ya Benin ikageuka kuwa mlango wa uani, na makatoni yakavuka mpaka usiku. Tanzania nayo ilizuia kuku wa nje mwaka 2006 kwa hofu ya mafua ya ndege, na mwishoni mwa Oktoba 2017 maofisa waliteketeza kwa moto vifaranga 6,400 vilivyoingizwa kutoka Kenya kupitia Namanga. Sheria ilikuwa upande wa maofisa, na hatari ya ugonjwa si porojo. Lakini mfanyabiashara hahangaiki kuvusha vifaranga mpakani ikiwa nyumbani vinapatikana kwa wakati na kwa bei anayoiweza. Kiasi cha theluthi mbili ya gharama ya kumkuza kuku wa nyama ni chakula: mahindi, soya na mashudu. Serikali inayotoza ushuru bandarini huku ikimwacha mfugaji anunue mahindi kwa mlanguzi, akope kwa riba ya kukata shingo na asubiri vifaranga kwa miezi, inamlinda kwa karatasi.

Ghana yenyewe imelijua hilo kwa kuchelewa. Mwaka 2016 ilianza kutumia ushuru wa pamoja wa nchi za Afrika Magharibi, ambao uliiweka nyama ya kuku katika daraja la juu kabisa, asilimia 35. Safari hii Idara ya Forodha haikuagizwa iache kutoza. Lakini wakati huo wafugaji wengi walikwisha kuacha kuku wa nyama wakageukia mayai, ambayo hayagandishwi wala hayavuki bahari kwa urahisi, na wengine walikwisha kufunga mabanda yao. Vijana wa mjini walikwisha kukua wakilijua paja la katoni kuwa ndilo kuku. Kilichotakiwa mwaka 2003, wakati watotoleshaji na wasagaji walikuwa bado kazini, kilikuwa nyongeza ya asilimia 20 ya ushuru, ambayo Bunge lilikwisha kuipitisha.