Ndala Haziyeyuki

Nina ugomvi na maneno yaliyoandikwa mgongoni mwa fulana tunazovaa siku za usafi wa ufukwe: "Taka ni Mali, Rejeleza." Si kwamba ni uongo. Ni nusu ya ukweli, na nusu iliyobaki ndiyo tunayoipiga kiberiti.

Waliowahi kwenda Msasani na serikali ya wanafunzi wanajua ninachosema. Tunaokota saa mbili tatu, tunakusanya rundo, tunapiga picha. Kisha wanapita waokota chupa. Wanachukua chupa za maji, madumu, ndoo zilizopasuka, viti vya plastiki vilivyokatika miguu. Wanaacha ndala, vipande vya tairi, tyubu na soli za viatu. Safari iliyopita mabaki hayo yalichomwa palepale, moshi mweusi ukaingia kwenye nyumba za watu, nasi tukapanda basi kurudi chuo.

Wale waokota chupa huenda hawajawahi kukaa kwenye lekcha ya kemia, lakini uchambuzi wao ni wa kikemia kabisa. Wanatenganisha kinachoyeyuka na kisichoyeyuka. Anayenunua kwa kilo hataki ndala, kwa sababu huko inakopelekwa plastiki kuyeyushwa, ndala haiyeyuki.

Kwa nini? Hapa inabidi nieleze kidogo, wenzangu wa sayansi mnivumilie. Plastiki na mpira vyote ni polima, yaani molekuli ndefu mno, mfano wa kamba zenye maelfu ya pingili. Kwenye ndoo kamba hizo zimelazwa tu pamoja, kama kamba za mvuvi zilizorundikwa ndani ya ngalawa. Zimesongamana, ila hakuna fundo. Ukizipasha moto zinateleza, ndoo inakuwa uji mzito, unaimimina kwenye kalibu na kupata beseni. Sasa chukua kamba hizohizo uzisuke ziwe wavu. Ukivuta uzi mmoja unakuja wavu mzima. Mafundo hayo ndiyo viungo mtambuka, na kuna kemikali maalumu zinazotumika kuyafunga. Yakishafungwa, moto haulainishi tena kitu hicho. Unakiunguza tu.

Ushahidi uko mtaani. Ndoo ikipasuka, watu hupasha kisu moto na kuziba ufa, plastiki ikashikana na plastiki. Fundi pancha hawezi kufanya hivyo kwenye tyubu. Anaikwangua, anapaka solusheni, anabandika kiraka. Hajazoea tu kufanya hivyo, hana njia ya kuyeyusha tyubu ikajiziba yenyewe.

Kwenye mpira wa mti, kifunga mafundo maarufu ni salfa. Utomvu wa mpira ukikaushwa peke yake haufai kwa mengi: joto likipanda unanata, baridi ikija unakakamaa. Mwaka 1839 Mmarekani Charles Goodyear aligundua kuwa mpira uliochanganywa na salfa ukipata joto kali unabadilika tabia kabisa, ukivutwa unarudi, jua halifanyi kitu. Salfa imejenga madaraja kati ya kamba na kamba. Ikiwa kidogo unapata mpira wa manati. Ikizidishwa sana unapata eboniti, kitu kigumu cheusi kilichotumika kutengenezea kalamu za wino na maboksi ya betri. Tairi la gari lina salfa asilimia moja au mbili hivi ya uzito wake, na hiyo inatosha kulifanya lisiyeyuke milele. (Goodyear mwenyewe alikufa mwaka 1860 akiwa na madeni. Kampuni ya matairi yenye jina lake ilianzishwa mwaka 1898 na watu ambao hata si ndugu zake. Wanachuo tunaosubiri bumu tunaweza kumwelewa.)

Ndala nyepesi za povu mara nyingi si za mpira wa mti, ni polima nyingine ya kiwandani, na kinachofunga mafundo yake huwa ni kemikali za jamii ya peroksaidi. Matokeo ni yaleyale.

Na kabla hujasema haya mambo ni ya viwandani, shika nywele zako. Unywele ni protini inayoitwa keratini, na kamba zake nazo zimefungwa kwa madaraja ya salfa. Ndiyo maana unywele ukiungua unatoa harufu ile kali. Dawa ya kulainisha nywele unayopakwa saluni kazi yake ni kuvunja madaraja hayo ili unywele ulale, na kwa vile inaweza kuvunja hata visivyohusika, msusi anakuangalia saa. Kuvunja madaraja inawezekana, basi, lakini kunahitaji kemikali kali na uangalifu mkubwa. Kiberiti si njia.

Mfano mzuri wa watu waliolielewa jambo hili uko Lamu. Mwezi Septemba 2018 lilishushwa majini jahazi la Flipflopi, lenye urefu wa mita 9, lililojengwa na fundi Ali Skanda na wenzake kwa taka za plastiki, tani 10 hivi. Mwanzoni mwa 2019 likasafiri kwa tanga mpaka Zanzibar. Wengi tuliliona kwenye picha kwa sababu ya rangi zake: limefunikwa ndala zipatazo 30,000. Lakini angalia zilipowekwa. Plastiki iliyeyushwa, ikatengenezwa mbao na mataruma. Ndala zilikatwakatwa na kubandikwa juu kama ngozi. Kila taka ilipewa kazi inayoendana na mafundo yake.

Na sisi hatukuhitaji kwenda Lamu kujifunza hilo. Katambuga ni nini kama si tairi lililokubaliwa kuwa ni tairi? Hakuna aliyejaribu kuliyeyusha. Alilikata kwa kisu, akapiga misumari, na mvaaji akatembea nazo miaka. Tyubu zilizochoka hukatwa zikawa mipira ya kufungia mizigo kwenye baiskeli. Matairi hufungwa ubavuni mwa boti zisigongane na gati. Hata ndala yenyewe zamani ilikuwa inatengenezwa: mkanda ukichomoka unapigwa msumari chini, ukikatika kabisa unanunua mikanda mipya. Siku hizi mkanda ukikatika, pea nzima inaenda mtaroni, na mtaro unaenda baharini.

Nasoma ualimu, kwa hiyo hapa naona aibu ya fani yangu. Wakati wa mazoezi ya kufundisha nilikutana na wanafunzi wanaokariri maana ya kupika mpira kwa salfa neno kwa neno, kwa Kiingereza safi, na hakuna aliyeweza kuniambia kwa nini fundi pancha anatumia kiraka. Hawakuwa wajinga, hakuna aliyewahi kuwauliza. Kitabu kinatoa orodha ya polima na matumizi yake, mtihani unauliza orodha ileile, mwalimu anamaliza silabasi. Ndala iko mguuni mwa mwanafunzi muda wote huo.

Kuna wenzangu wa uhandisi walionipinga nilipotoa hoja hii bwenini. Walisema teknolojia ipo: tairi linaweza kusagwa likawa unga, linaweza kupashwa joto bila hewa likatoa mafuta, na nchi nyingi huchoma matairi kwenye matanuri ya saruji. Sawa, nakubali. Ila tanuri la saruji lina joto linalozidi nyuzi 1,400 na mitambo ya kudhibiti moshi, sisi tulikuwa na kibiriti na mafuta ya taa. Tairi likiungua vibaya hivyo linatoa dioksaidi ya salfa, masizi na kemikali nyingine ambazo baadhi yake husababisha saratani. Mtoto wa Msasani anayevuta moshi ule hafaidiki na teknolojia iliyopo kwingine.

Kwa hiyo naiomba serikali ya wanafunzi, kupitia waziri wake wa mazingira, iache kuchoma kuanzia muhula huu. Marundo yawe mawili tangu asubuhi, na anayeelekeza kipi kiende wapi awe ni mwokota chupa mmoja anayelipwa kwa siku hiyo, maana ndiye mtaalamu. Rundo la ndala na matairi litafutiwe mafundi viatu na wanaoshona mikeka ya mlangoni kabla ya siku ya usafi, siyo baada. Kama hakuna anayelihitaji, lipelekwe dampo kwa gari tulilolilipia. Ni gharama, najua. Ipunguzwe kwenye bajeti ya fulana.

Na tusidhani tatizo litabaki kwenye ndala. Tangu 1 Juni 2019 mifuko ya plastiki imepigwa marufuku nchini, na ilikuwa plastiki inayoyeyuka, yaani ile rahisi. Wakati huohuo boti za faiba zinaongezeka kwenye pwani yetu, nyingine zikitolewa kwa wavuvi kwa mkopo wa serikali, na ni boti nzuri: nyepesi, haziliwi na wadudu wa bahari. Boti hizo hutengenezwa kwa gundi maalumu inayochanganywa na kigandishi, na kigandishi hicho kazi yake ni kufunga mafundo. Ngalawa ya mwembe ikifa inaoza, au inakuwa kuni. Boti ya faiba ikifa haiozi, haiyeyuki, na ni kubwa kuliko ndala. Sijasikia mtu akisema itapelekwa wapi, na zile za kwanza zimeshaanza kuchakaa.