Vitufe 19 vya nini kwenye daftari la shamba?



Msimu huu vikundi vitatu vimenionyesha mfumo wao wa kumbukumbu, ule wa kufungua kwenye intaneti. Mmejichanga, mkamlipa fundi, hongereni. Lakini naomba niseme wazi: ule mstari wa vitufe juu umejaa mno. Mmoja niliuhesabu, vitufe 19! Nakili, Panga, Chuja, Grafu, Rangi... anayevuna nyanya anataka rangi ya nini?

Najua wengi mnaona vitufe vingi ndiyo thamani ya hela yenu. Mimi sikubali. Anayejaza kumbukumbu yuko shambani na jua la saa sita, simu mkono mmoja, vidole vimeshika utomvu wa majani ya nyanya. Google wanashauri kitufe cha kugusa kiwe na kama milimita 9 kila upande. Simu nyingi tunazotumia zina upana wa sentimita 7 hivi. Piga hesabu mwenyewe: vinaenea saba tu, tena vimebanana. Hao 12 waliobaki fundi kawafanya vipicha vidogo visivyo na maneno, ukibonyeza ni kubahatisha.

Hasara yake siyo ndogo. Kikundi kimoja kitufe cha Futa kilikaa ubavuni mwa Hifadhi. Binti anayepokea matenga akafuta mauzo ya wiki mbili, na mfumo haukumuuliza hata "una uhakika?" Walipoenda kuomba mkopo wa pampu, kumbukumbu zina shimo. Nikakuta wanataka kumtoa kwenye kazi eti mzembe. Mzembe wapi? Ukiweka chupa ya dawa ya magugu na ya booster rafu moja, zinafanana, utamlaumu aliyepulizia?

Fundi atakwambia "siku moja mtavihitaji." Sawa, hatujasema avitupe. Kwenye simu vibaki vya kila siku: Mavuno, Mauzo, Matumizi, na kimoja cha Zaidi. Humo ndani ya Zaidi ndiko aviweke vya kuchapisha ripoti na grafu, mhasibu atavikuta mwisho wa mwezi, na kwenye kompyuta yake vinaweza kuonekana vyote. Futa iingie ndani ya rekodi yenyewe, iulize kwanza, na iwepo njia ya kurudisha. Maneno yaandikwe Kiswahili chini ya kila picha.

Mkibishana kipi kibaki, msipige kura. Andikeni kwa wiki moja kila kitufe kinachoguswa. Visivyoguswa viende Zaidi, hata kama mwenyekiti anavipenda.

Na ile awamu ya mwisho ya malipo, ishikilieni kwanza. Mpeni simu yule anayepokea matenga, mwambieni aingize mauzo ya leo, halafu nyamazeni mumtazame. Akikwama, fundi arudi mezani.