Mkono wa mtoto ni somo la hesabu

KINDU – Iwe Kasuku, Mikelenge au Alunguli, mwanafunzi wa sekondari hufundishwa alama za « ndogo kuliko » na « kubwa kuliko », akazikariri kwa ajili ya mtihani. Lakini hesabu hiyo ina kazi nyumbani, zaidi sana kwa familia zilizokimbia vita.

Tazama utepe wa kupimia mkono wa mtoto wa miezi 6 hadi 59. Ni mstari wa namba uliozungushwa mkononi. Chini ya milimita 115 ni nyekundu: utapiamlo mkali. Kuanzia 115 hadi kabla ya 125 ni manjano: utapiamlo wa wastani. Kuanzia 125 kwenda juu ni kijani.

Ubaoni, manjano huandikwa hivi: [115, 125[. Kroshe ya kwanza inaikumbatia 115, ikiwa ndani. Ya mwisho inaipa 125 mgongo, ikibaki nje. Ukichora mstari, 115 ni kitone kilichojazwa, 125 ni kitone kitupu. Nyekundu ni x < 115, kijani ni x ≥ 125.

Kwa hiyo mtoto wa 114 na mtoto wa 115 wanatenganishwa na milimita moja tu, lakini hawapati huduma moja. Utepe ukikazwa sana au ukilegezwa, mtoto anahamishwa rangi. Mama asiyeelezwa hayo ataona jirani amependelewa, naye amenyimwa.

Ndiyo maana kumwambia mzazi rangi peke yake haitoshi. Aambiwe namba, kwa Kiswahili, na iandikwe kwenye karatasi yake. Aliyeambiwa 126 atajua mtoto yuko kijani, lakini mpaka uko karibu, na kurudi kupima ni lazima.

Tena mstari hausemi yote. Mtoto aliyevimba miguu yote miwili apelekwe kituo cha afya upesi, hata utepe ukionyesha kijani.

Walimu wa hesabu nao waanze somo hili na utepe, kabla ya x. Mwanafunzi akielewa leo kroshe inafungua wapi na inafunga wapi, jioni atamsomea mama yake karatasi ya mdogo wake. Hapo hesabu itakuwa imefika nyumbani.