Kidude feki cha kupimia gari: mkombozi au mwizi?

Wadau, hili limenitokea mwenyewe. Nilipeleka gari Gerezani, Kariakoo, taa ya injini inawaka. Kijana akachomeka kidude cha bluu chini ya usukani, akafungua simu. "P0171, braza. Oksijeni sensa hiyo." Nikanunua sensa ya mtumba, akafunga, akafuta taa. Siku ya tatu ikawaka tena! Mzee mmoja wa gereji nyingine, hana mashine wala nini, akasikiliza injini, akapapasa mpira wa hewa. "Mwanangu, umepasuka huu." Basi.

Kidude kilidanganya? Hapana. P0171 maana yake hewa imezidi mafuta. Haisemi kipi kibovu. Kijana aligeuza dalili kuwa hukumu, nami nikalipa.

Vidude hivi ni kopi ya ELM327, chipu ya Elm Electronics ya Kanada. Toleo la kwanza halikuwekewa kinga, likanakiliwa. Kopi nyingi zimeandikwa "v1.5", toleo ambalo wenyewe hawakuwahi kulitoa! Kampuni yenyewe ilifunga mwaka 2022, kopi bado zinauzwa.

Hata hivyo siungi mkono kuvipiga marufuku. Mashine orijino za mafundi zinafika mamilioni ya shilingi. Bila feki, kijana wa Kariakoo angejifunzia wapi? Umeme wa gari ungebaki siri ya gereji za wakubwa.

Ila kuna kusoma na kuna kuandika. Kusoma, hasara yake ndogo. Gari la Japani la zamani kidogo linaweza lisijibu kabisa, fundi akakwambia kompyuta imekufa, kumbe lugha tu haziingiliani. Kuandika ndiyo balaa: kubadili programu ya gari au kusajili ufunguo kwa kebo ya magumashi. Ikikata katikati, kompyuta ya gari inaweza kufa kweli. Na zile programu za wizi mnazopakua hapo kafe, zinazotaka uzime antivairasi kwanza, jamani, hamshtuki?

Msimamo wangu: feki isome, isiandike. Na kabla hujatoa hela ya spea, muulize fundi, "Umehakikishaje kama ndiyo hii?" Akikuonyesha simu tu, ondoa gari.

Mafundi mliomo humu, nimekosea wapi? Semeni.